Chumvi nyeupe siyo lazima iwe ya kula

Mhariri,

Naomba nafasi niongelee hizi kampuni zinazotoa chumvi ya kiwandani, yaani ile inayotumika viwandani, na ya kula kwa pamoja, maana naona kwenye kurasa zenu wasomaji wanabishana kitu ambacho sicho. Kuna wanaosema ya kiwandani ni uchafu mtupu, kuna wanaosema chumvi ni chumvi tu bora iwe nyeupe, na mimi naona wote wamepotea.

Kiwanda cha klorini na kostiki soda kinachagua chumvi kuliko jiko lolote lile. Pale wanapitisha umeme kwenye maji ya chumvi, na kalsiamu na magnesi zikibaki hata kidogo tu zinaharibu utando ulio ndani ya mtambo, na huo utando ni ghali balaa, kwa hiyo chumvi inaoshwa, ikishayeyushwa inasafishwa tena na tena. Viwango vya kimataifa vya chakula, ile Codex, vinataka chumvi ya kula iwe na sodiamu kloraidi, ndo chumvi yenyewe, isiyopungua asilimia 97, na ya kiwandani iliyosafishwa vizuri inavuka 99. Sasa tukienda kwa usafi peke yake si tutasema hii ndo ipelekwe jikoni?

Hapana jamani. Kinachotenganisha ni madini joto. Chumvi ya kula inapuliziwa potasiamu ayodeti, kiwango cha kawaida kinacheza miligramu 20 hadi 40 za madini joto kwa kilo, kiasi ambacho huwezi kukiona wala kukionja. Uswisi walianza mpango huu mwaka 1922 baada ya kusumbuliwa na goita miaka na miaka, na goita yenyewe ndo afadhali maana inaonekana shingoni, ubongo wa mtoto aliye tumboni ukikosa madini joto hakuna anayeona mpaka ameshachelewa.

Kichekesho ni kwamba madini joto hayo hayo yakiingia kwenye mtambo wa klorini yanaganda ndani ya utando na kuuharibu, mwenye mtambo hayataki hata kuyasikia. Yaani magunia mawili yanaweza kutoka bwawa moja la maji ya bahari, yakavunwa siku moja, na hili likawa halifai kule na lile halifai huku. Na hapo sijagusa ile ya kuyeyushia barafu barabarani au ya kuhifadhia ngozi mbichi, hiyo hata ikiwa na mchanga nani anajali.

Kwa hiyo shida yangu mimi ni gunia. Unakuta limeandikwa CHUMVI SAFI kwa herufi kubwaa, matumizi yake yako chini huko kwa maandishi ya kutafuta na tochi, alafu mtu wa kati anafungua gunia la kilo 50 anafunga upya kwenye vipakiti, na hayo maandishi madogo yanabaki kwenye gunia tupu. Mlaji atajuaje? Kuna kipimo cha matone ambacho chumvi yenye madini joto inageuka rangi ya bluu, ila nani anatembea nacho mfukoni.

Kampuni inayotoa aina zote mbili ndo inajua kilichomo, isimwachie muuzaji wa mwisho. Magunia yawe na rangi tofauti kabisa, ya kiwandani yaandikwe SIYO YA KULA mbele na nyuma, ya kula yaandikwe madini joto ni kiasi gani na tarehe, kwa sababu yanapungua chumvi ikikaa kwenye unyevu na jua. Tena kampuni iwe na vipakiti vyake vidogo vilivyofungwa kiwandani, huyo wa kufungua gunia na kupakia upya akose kazi. Wakisema gharama itapanda basi watuambie ni kiasi gani tujadili, siyo kutuwekea neno SAFI tu.

Msomaji wenu wa kila siku