Mistari mitatu ng'ambo ya kijito

Swahiba,

Salaam nyingi. Deni la barua ni langu, najua, na habari za huko kwako nitazipata vizuri tukionana. Sisi wazima, isipokuwa magoti ya Mama, ila anatembea. Nakuandikia mbiombio kwa sababu lile shamba letu la mikorosho linatwaliwa na serikali, barabara inapita. Tangazo lilibandikwa ofisi ya mtendaji, wakaja wapima, na wiki iliyopita akaja mthamini, yule anayekadiria fidia, na vijana wake wawili.

Barabara yenyewe hatuipingi, tumeililia miaka mingapi? Shida yetu ni hesabu.

Nilikuwepo siku hiyo. Walimsimamisha Mama chini ya ule mkorosho mkubwa, wakampa kibao chenye namba iliyoandikwa kwa chaki, akakishika kifuani wapige picha. Akauliza, "Nitabasamu au nisitabasamu?" Hakuna aliyemjibu. Kijana mmoja akawa anapita katikati ya mistari anahesabu kwa kidole, mwenzake anaandika. Mikorosho mikubwa 64, michanga 31. Basi.

Hiyo 31 inaninyima usingizi. Mti unaoitwa mchanga hulipwa kiwango cha chini mno ukilinganisha na unaozaa. Lakini ile tuliipanda mwaka wa nne huu, na baadhi imeshatoa maua! Mkorosho huanza kuzaa kati ya mwaka wa tatu na wa tano, halafu unakulisha miaka 30 na zaidi. Palizi tumeshapiga, dawa tumeshanunua, na sasa ulikuwa ndio wakati wake wa kurudisha. Nilimweleza mthamini, akanisikiliza kwa adabu, akasema yeye anafuata jedwali la viwango. Si mtu mbaya. Ila jedwali halijui kwamba maua yameshatoka.

Nimeitafuta sheria nikaisoma mwenyewe. Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati: thamani ya soko, na juu yake posho ya usumbufu, usafiri na faida inayopotea. Kanuni zake za fidia za 2001 zinaingia hadi kwenye vipimo. Usafiri ni gharama ya kubeba tani 12 kwa kilomita 20. Faida ni ile halisi ya mwezi mara 36, lakini uithibitishe kwa hesabu zilizokaguliwa. Sasa niambie, mkulima gani ana hesabu zilizokaguliwa? Mama ana stakabadhi za chama cha ushirika, kazifunga kwa uzi ndani ya mkoba wa khanga, msimu baada ya msimu. Nimezipanga zote kwa tarehe. Nitazipeleka hivyo hivyo, na anayezikataa aandike kwamba kazikataa.

Halafu kuna suala la muda. Malipo yakipita miezi 6 lazima riba iongezwe, na sheria ya wathamini ya 2016 inasema uthamini ukimaliza miaka 2 bila kulipwa haufai tena, urudiwe upya. Baba Asha, ambaye naye anafidiwa, hakulijua hilo, akatia sahihi siku ile ile bila kuuliza jumla imepatikanaje. Nilimsihi asubiri, akasema serikali haisubirishwi. Wakati huo huo, tangu wapima waonekane, mashamba ya jirani yameshapanda bei. Mimi kipimo changu ni kimoja tu: hiyo pesa imwezeshe Mama kupata shamba jingine la namna ile ile, lenye mikorosho inayozaa. Ikiishia kununua pori, hajafidiwa.

Sasa nije kwenye lililonishikisha kalamu. Ile ekari moja na nusu ng'ambo ya kijito, tuliyonunua 2014, haikuhesabiwa kabisa. Watoto wa marehemu aliyetuuzia wanasema mpaka ni kijito. Mthamini akaandika "mgogoro" akaendelea na safari. Mistari mitatu mizima, miti yote inazaa! Hati ya mauziano tunayo, na shahidi wa upande wetu ni wewe, sahihi yako iko pale chini, ile yenye mkia mrefu. Na minyaa ya mpakani tulichimba mashimo yake wewe na mimi, mvua inatunyeshea. Bado imesimama, nimekwenda kuitazama jana.

Kamati ya kijiji inakaa Jumanne ijayo. Wasipoelewana hapo, jina la Mama halitaingia kwenye jedwali la fidia kwa kile kipande, na jedwali likishafika kwa Mthamini Mkuu akaliidhinisha, kulifungua tena ni kazi.

Je, utaweza kuja? Kama kazini hawakupi ruhusa, unaweza kuandika maelezo yako ukayatia sahihi mbele ya wakili, ukanitumia kwa basi la asubuhi? Unamkumbuka mzee wa pili aliyesaini, yule aliyekuja na baiskeli? Yuko wapi siku hizi? Na binamu yako aliyesomea uthamini bado anapatikana? Nataka anisaidie kusoma ile fomu kabla Mama hajaweka dole gumba, hasa safu ya miti michanga. Na unakumbuka tulipima hatua ngapi toka kijitoni hadi minyaa? Mimi nakumbuka 110, lakini sitaki kusema mbele ya kamati kitu ambacho wewe utakisema tofauti.

Nijibu hata kwa simu, usiku wowote. Ukipanda basi la Jumatatu nitakuwa stendi.

Wako,
yule yule wa ng'ambo