Mdogo wangu, daftari lako nimelikuta

Simu zangu hupokei, meseji unasoma unanyamaza, basi nakuandikia hapa hapa.

Juzi nimepanda Kibosho kusafisha chumba cha baba, maana tangu tumzike hakuna aliyegusa kitu, na chini ya godoro, pamoja na risiti zake za kahawa, nikakuta daftari lako la hesabu la fom foo. Alilitunza. Mi sikujua.

Ile siku unaijua. Matokeo yametoka, hesabu F, baba kakaa nje anapukuchua mahindi, shangazi yupo, jirani yupo, na wewe ukasema bila hata kunitazama, "Dada ndo alinifundisha vibaya." Baba akaniangalia. Hakusema neno. Bora angenitukana.

Sasa ukurasa wenyewe ninao hapa, lile swali la kutafuta mediani. Wanafunzi 40. Alama 30–39 wako 5, 40–49 wako 6, 50–59 wako 10, 60–69 wako 12, 70–79 wako 5, 80–89 wako 2. We ulikimbilia 60–69 kisa ndo wamejaa, nikakwambia hiyo ni modi, mediani haiangalii walipojaa, inamtafuta aliyekaa katikati. Gawa 40 kwa mbili unapata 20. Halafu wapange foleni kuanzia chini ukijumlisha, 5, ukiongeza 6 wanakuwa 11, ukiongeza 10 wanakuwa 21, basi wa 20 kashaingia humo, kundi la mediani ni 50–59. Umeme ukakatika tukawasha mshumaa nikarudia mara ya nne, na alfajiri nilikuwa na gari la Arusha kuwahi chuo, ndo maana nikapandisha sauti. Haikuwa dharau mdogo wangu, nilichoka.

Ila kuna kitu. Chini ya jedwali, kwa mwandiko wangu, mpaka wa chini wa kundi nimeweka 50. Ni 49.5, katikati ya 49 inapoishia kundi la chini na 50 linapoanzia hili. Nikatoa 11 kwenye 20, nikagawa kwa 10, nikazidisha kwa upana wa kundi ambao ni 10, nikapata 9, nikajumlisha na ile 50 nikakuandikia 59. Jibu ni 58.5.

Hiyo 50 nimeiangalia usiku mzima. Nilikosea, nakiri, lakini kundi nililokuonyesha lilikuwa lenyewe, na mtu hapati F kwa sababu ya nusu, na we hukumwambia baba dada kakosea mpaka, ulisema nilikufundisha vibaya, kama vile usiku wote ule sikukaa na wewe.

Baba kaondoka anaamini hivyo. Au alilifungua daftari akaona mwenyewe. Wa kumuuliza hayupo.

Liko kwangu Ngaramtoni, juu ya kabati. Njoo Jumamosi ulichukue, ntapika mtori. F sitaitaja. Ila ule ukurasa tutaufungua wote wawili.

Dada yako