Barua kwa mwanangu: kabla hujasaini mkataba wa nyumba New York

Mwanangu mpendwa,

Salamu nyingi, na hongera tena kwa kazi. Kabla hujaanza kupekua picha za nyumba kwenye simu, shika kalamu tupige hesabu. Wenye nyumba wengi wa New York wana kanuni moja: mshahara wako wa mwaka, kabla ya makato, uwe walau mara 40 ya kodi ya mwezi. Mshahara wako wa dola 72,000 gawa kwa 40, unapata 1,800. Lakini mwenye nyumba anahesabu mshahara ambao wewe hutauona. Wakishakata kodi ya mapato ya serikali kuu, ya jimbo na ya jiji lenyewe, pamoja na michango ya hifadhi ya jamii, mkononi itabaki kama 4,400 kwa mwezi, na bima ya afya bado. Kodi ya 1,800 itakula kama asilimia 41 ya hapo. Ningependa usivuke 1,500, na kwa bei hiyo tegemea chumba kwenye nyumba ya kushirikiana, siyo chumba na sebule ya peke yako. Usilione hilo kuwa unyonge. Jiji lilipohesabu mwaka 2023, nyumba za kupangisha zilizokuwa wazi zilikuwa 1.41% tu.

Dar umezoea kudaiwa kodi ya miezi sita kwa mkupuo, na dalali naye achukue ya mwezi mmoja. Kule ni kinyume. Tangu 2019 sheria ya jimbo inakataza amana inayozidi kodi ya mwezi mmoja, na ada ya kupokea maombi na kukuchunguza haizidi dola 20. Tangu Juni 11, 2025, dalali hulipwa na aliyemwita. Kama tangazo ni la mwenye nyumba, wewe hudaiwi kitu. Kwa hiyo nyumba ya 1,800 unaingia kwa 3,620: kodi ya mwezi wa kwanza, amana na ile ada ya 20. Anayetaka zaidi ya hapo muulize ni kwa kifungu gani. Shida yako itakuwa mdhamini, maana huna historia ya mikopo kule, na mdhamini hutakiwa awe na kipato cha mara 80 ya kodi. Zipo kampuni zinazodhamini kwa malipo, ila hela hiyo hairudi, kwa hiyo iingize kwenye hesabu mapema.

Sasa nisikilize vizuri, mama, hapa ndipo penye faida kubwa. Tafuta nyumba ambazo kodi yake inadhibitiwa. Kule wanaziita rent stabilized. Nyingi ziko kwenye majengo yenye nyumba sita au zaidi yaliyojengwa kabla ya 1974. Humo mwenye nyumba hapandishi anavyotaka: bodi ya jiji hupanga kila mwaka. Kwa mikataba inayoanza kati ya Oktoba 1, 2025 na Septemba 30, 2026, ni 3% kwa mkataba wa mwaka mmoja na 4.5% kwa wa miaka miwili. Pia una haki ya kuhuisha mkataba. Mkataba wa namna hiyo lazima uje na kiambatisho kinachoonyesha mpangaji aliyetangulia alikuwa analipa ngapi.

Ukishaingia, wiki ya kwanza tu, omba historia ya kodi ya nyumba yako kutoka ofisi ya nyumba ya jimbo, DHCR. Ni bure, na huiomba mpangaji mwenyewe. Itakuja kama jedwali, kila mstari mwaka wake: hadhi ya nyumba, kodi halali, tarehe za mkataba. Teremka nayo taratibu kwa kidole. Ukiona mwaka mmoja 1,150 na unaofuata 2,300, au miaka mitatu haikusajiliwa halafu nyumba imetoka kwenye udhibiti, uliza. Mara nyingi mruko kama huo ulihalalishwa kwa ukarabati ambao risiti zake hazionekani. Ukithibitika kutozwa kupita kiasi unarudishiwa, na kama ilikuwa makusudi, hata mara tatu yake. Ukipanga chumba tu kwenye nyumba ya aina hiyo, aliyeshika mkataba haruhusiwi kukutoza zaidi ya fungu lako. Wengi hutozwa kwa sababu hawajui.

Kwenye nyumba ya kushirikiana, mkisaini wanne kila mmoja anadaiwa kodi yote. Mmoja akitoroka, mwenye nyumba anaweza kukufuata wewe peke yako.

Vyumba vya chini ya ardhi huko Queens ni vya bei rahisi, na hilo linanitia hofu. Septemba 2021, mvua za kimbunga Ida ziliua watu 11 jijini ndani ya vyumba vya namna hiyo. Simama nje, pima kwa macho: kama zaidi ya nusu ya kimo cha chumba iko chini ya usawa wa barabara, kwenye nyumba ya familia moja au mbili kwa kawaida hakiruhusiwi kupangishwa. Kama dirisha halikupitishi mwili na mlango ni mmoja, ondoka, hata kama ni dola 700.

Kabla ya kutoa senti, ingiza anwani kwenye tovuti ya idara ya nyumba ya jiji, HPD, uone makosa ya jengo. Daraja C ni hatari ya papo hapo. Kukosa joto wakati wa baridi kumo humo. Kuanzia Oktoba 1 hadi Mei 31, mchana nje kukishuka chini ya nyuzi 55 za Farenhaiti, ndani lazima kuwe 68. Kukipungua, piga 311. Jina la mwenye jengo unalipata bure kwenye rekodi za jiji, ACRIS. Anayekudai utume pesa kwanza eti ufunguo utakuja kwa posta, ni tapeli.

Jiandikishe pia Housing Connect, bahati nasibu ya nyumba nafuu za jiji. Ni bure, fomu moja tu kwa kila jengo. Zikipita miezi bila jibu, usivunjike moyo.

Siku ya kuingia piga picha kila ukuta, jiko na choo, na tarehe ionekane. Ukihama, mwenye nyumba ana siku 14 kurudisha amana au kukuorodheshea alichokata.

Wakikupa mkataba, usisaini siku hiyo hiyo. Piga picha kurasa zote na kiambatisho, unitumie WhatsApp nisome kwanza.

Nakupenda,
Mama