Kimeo cha mtoto kina kazi yake, tusikikate kwa sababu ya kikohozi

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumze na wazazi wenzangu, hasa kina mama na kina bibi wa hapa Moshi na wa vijiji vya mlimani, kuhusu kile kinyama kidogo kinachoning'inia nyuma ya kinywa, ambacho sote tunakiita kimeo na ambacho mpaka leo wapo watoto wanaopelekwa kukatwa kwa sababu tu wanakohoa.

Mwezi uliopita, asubuhi yenye baridi na ukungu, nilikuwa nimekaa ndani ya daladala pale Kiboriloni tukisubiri gari lijae. Kando yangu alikaa mama kijana aliyempakata mtoto wa miezi kumi, amemfunika kwa kanga mbili, na mtoto alikuwa akikohoa bila kupumzika. Aliniamkia, nami nikampa pole ya kuuguliwa. “Ahsante bibi,” akasema, “mama mkwe ameona kimeo kimemrefuka, ndiyo tunampeleka kwa mzee mmoja akamkate.” Nimefanya kazi ya uuguzi kwa zaidi ya miaka 30 na sasa nimestaafu, lakini macho ya muuguzi hayastaafu. Nilimwomba amfunue mtoto kifua, nikatazama saa yangu nikahesabu pumzi kwa dakika nzima. Zilikuwa 58. Mtoto wa miezi 2 mpaka kabla ya kutimiza mwaka, akipumua mara 50 au zaidi kwa dakika akiwa ametulia, anapumua haraka kuliko inavyopaswa, na kikohozi kinachoambatana na kupumua haraka ni dalili ya nimonia. Tuliteremka kabla gari halijaondoka, tukaenda zahanati.

Tangu siku ile nimekuwa nikijiuliza ni wangapi hawakupata mtu wa kukaa naye kiti kimoja. Nimeona ni heri nieleze koo lilivyo na linavyofanya kazi, kwa sababu naamini anayeelewa kazi ya kimeo hatakuwa mwepesi kukipeleka kwenye kisu.

Koo ni njia panda. Hewa itokayo puani na chakula kitokacho kinywani hukutana katika chumba kimoja, koromeo, ambacho kwa mtu mzima kina urefu wa sentimita 12 hivi, kisha huachana tena kwenda katika mabomba mawili tofauti. Njia ya hewa iko mbele na umio, yaani bomba la chakula, uko nyuma, kwa hiyo kila tonge tunalomeza hulazimika kupita juu ya mlango wa mapafu kabla ya kufika linakokwenda. Kosa la mara moja tu hutosha mtu kupaliwa.

Tuchukue kijiko kimoja cha mtori. Ulimi huukusanya, huubana kwenye kaakaa gumu na kuusukuma nyuma, na mpaka hapo mlaji angali ana hiari ya kuutema. Ukishavuka nguzo za koo, pale yanapokaa mafindofindo, hiari imekwisha. Sehemu ya chini ya shina la ubongo hushika usukani kupitia jozi tano za mishipa ya fahamu, na kwa muda wa kama sekunde moja mambo mengi hutendeka karibu kwa pamoja: kaakaa laini, pamoja na kimeo kilicho nchani mwake, huinuka kuelekea nyuma na kuziba njia ya puani, zoloto, yaani kile kisanduku cha sauti, huvutwa juu na mbele, kifuniko chenye umbo la jani, ambacho vitabu vya biolojia hukiita epiglotisi, huinama juu ya mlango wa hewa, nyuzi za sauti hukutana na kujifunga, pumzi husimama, na mlango wa juu wa umio, ambao muda mwingi huwa umefungwa, hulegea kuupokea mtori. Baada ya hapo umio, wenye urefu wa sentimita 25 hivi kwa mtu mzima, huusukuma kwa mawimbi ya misuli yake hadi tumboni kwa muda wa sekunde nane mpaka kumi. Ndiyo maana hata mtu aliyelala chali anaweza kumeza, maana chakula hakiporomoki kwa uzito wake peke yake.

Msomaji anaweza kujithibitishia haya hapo alipo. Aweke vidole viwili juu ya kongomeo, kile kinundu cha shingoni, ameze mate, naye atakisikia kikipanda na kushuka. Kisha asimame mbele ya kioo, afungue kinywa mahali penye mwanga, aseme “aaa”, na ataliona kaakaa laini likipanda na kimeo kikijivuta juu pamoja nalo.

Sitaki kukipa kimeo sifa kisichostahili. Mtu anaweza kuishi bila kimeo, na wapo wengi waliokatwa utotoni ambao leo wanakula na kuzungumza vizuri. Hata hivyo, kimeo ni mkia wa kaakaa laini, kina msuli wake unaolisaidia kaakaa kuziba sawasawa katikati, na kina tezi zinazotoa ute mwepesi wa kulilainisha koo. Mahali kimeo kinapoishia na kaakaa linapoanzia hapana mpaka uliochorwa. Mtoto ameshikwa mikono na miguu, analia, anarusha kichwa, kinywa kimejaa mate na kitendo chenyewe hufanyika haraka. Mkono ukienda juu kidogo, kinachokatwa si kimeo tena.

Jambo hilo limo katika familia yetu. Mdogo wangu alikatwa akiwa hajatimiza miaka miwili, kwa nia njema kabisa ya mama yetu, aliyekuwa amechoka kukesha na kikohozi chake. Kidonda kilipopona, uji ulianza kumtoka puani. Alipojaribu kusema “baba”, sisi tulisikia “mama”, kwa sababu ili mtu atamke herufi “b” ni lazima pumzi ijazane kinywani, na pumzi yake ilikuwa ikipotelea puani kupitia mlango usiofungika. Shuleni alikuwa anajua majibu na hanyooshi mkono. Mpaka leo, akinywa maji kwa haraka, hugeuka pembeni na kushika leso.

Kuna hatari nyingine ambayo wazazi wengi hawaitambui kwa kuwa haionekani. Mtoto anayevuja damu nyuma ya koo haitemi, huimeza. Mama huona kinywa kikavu na shuka safi, anashukuru kwamba damu imekata, kumbe mtoto anameza usiku kucha. Mtoto anayemezameza mara kwa mara akiwa amelala baada ya kukatwa, anayetapika kitu chenye rangi kama ya kahawa, au anayeanza kupauka viganja, apelekwe hospitali saa ileile bila kusubiri kuche. Kifaa kisichochemshwa, kinachotoka katika kinywa cha mtoto mmoja kwenda cha mwingine, kinaweza kubeba pepopunda, homa ya ini na virusi vya ukimwi. Hilo halihitaji maelezo marefu.

Sasa kwa nini imani hii inadumu? Mimi siwalaumu kina bibi, kwa maana waliona kwa macho yao mtoto akikatwa na baada ya wiki moja kikohozi kikaisha. Lakini mafua ya kawaida ya mtoto huisha yenyewe ndani ya wiki moja au mbili, akatwe asikatwe, na sifa humwendea aliyekuwa karibu. Lipo pia suala la urefu. Mtoto anayelia huku amefungua kinywa, koo likiwa limevimba kwa mafua, kimeo chake lazima kionekane kikubwa. Zaidi ya hayo, koromeo la mtoto mchanga ni fupi na zoloto lake limekaa juu sana shingoni, kiasi kwamba epiglotisi inakaribia kabisa kaakaa laini. Mpangilio huo ndio unaomwezesha kunyonya huku akipumua kwa pua, akisimamisha pumzi kidogo tu kila anapomeza; zoloto hushuka taratibu kadiri anavyokua. Kwa hiyo bibi anayesema “kimeo kinagusa” huenda amekiona kitu kilivyo kweli, ila anachokiita ugonjwa ndilo umbo ambalo mtoto amepewa ili aweze kunyonya.

Inanisikitisha kwamba mitaani neno hili limegeuzwa kuwa jina la kitu kibovu, kwamba simu isiyoshika chaji ni kimeo na gari lisilowaka ni kimeo. Kiswahili kina jina lingine kwa kinyama hiki, kidakatonge, ingawa wapo wanaolitumia kwa ile epiglotisi. Aliyelitunga alikuwa ameangalia koo kwa heshima.

Kikohozi cha mtoto kina sababu zake na kila moja ina njia yake ya kutibiwa: mafua, nimonia, pumu, kifaduro, kifua kikuu. Mtoto aliyekuwa mzima akaanza kukohoa ghafla akiwa anakula karanga au anachezea mbegu, huenda kitu kimeingia njia ya hewa, na hapo hakuna dawa ya kikohozi itakayomsaidia, ila hospitali yenye daktari wa koo. Anayepumua haraka, anayebonyea chini ya mbavu anapovuta pumzi, anayeshindwa kunyonya au kunywa, au aliyepata degedege, asikae nyumbani hata saa moja. Kikohozi kilichozidi wiki mbili kichunguzwe kwa ajili ya kifua kikuu na pumu. Chanjo za kliniki nazo zisirukwe, kwa sababu ile ya wiki ya 6, 10 na 14 ina kinga ya kifaduro ndani yake, na tangu 2013 nchi yetu inatoa pia ya kukinga aina kadhaa za nimonia. Na ikitokea kweli kwamba kimeo cha mtu kina kasoro, wapo madaktari wa masikio, pua na koo katika hospitali za rufaa, ambao watakiangalia kwanza na, pale inapolazimu tu, watakitoa mgonjwa akiwa amelazwa kwa dawa ya usingizi na damu ikizuiwa.

Ombi langu kwa wauguzi wenzangu walio kazini ni dogo. Siku ya kliniki, mtoto akishapimwa uzito, mmulikie tochi kinywani, mwonyesheni mama kimeo cha mwanawe kikiwa kizima, mweleze kinafanya nini. Kazi hiyo haifiki dakika mbili. Na bibi akiwepo, aitwe naye aone, kwa sababu mara nyingi yeye ndiye mwenye neno la mwisho nyumbani.

Yule mtoto wa Kiboriloni alipewa vidonge vya amoksilini vya kuyeyusha, na mama yake akafundishwa namna ya kumpa. Nilipita kuwajulia hali baada ya wiki moja, nikamkuta amepakatwa na bibi yake, analishwa ndizi zilizopondwa. Bibi aliniomba nimmulikie tochi aone mwenyewe. Mtoto alipolia, kaakaa lilipanda na kimeo kikapanda nalo. Alitazama kwa muda mrefu, kisha akaniuliza kama na cha kwake hupanda vile. Nilimwomba mkwewe atuletee kioo.

Muuguzi mstaafu,
Moshi, Kilimanjaro