Rangi yenu "ya nguo zote" na gauni langu

Habari zenu wahusika,

Nimekasirika ila nitajitahidi niwe mstaarabu. Wiki iliyopita nilinunua paketi mbili za rangi yenu, ile damu ya mzee, nibadilishe gauni langu la krimu maana lilishaanza kuonekana limechoka na kulitupa sikutaka, shepu yake nimeitafuta miaka. Mbele ya paketi mmeandika kwa maherufi makubwa INAFAA NGUO ZOTE. Nikaamini.

Na msije mkaniambia sikufuata maelekezo, manake yule wenu wa huduma kwa wateja nilipopiga alianza na hilo hilo, eti sikukoroga vizuri. Nililifua kwanza, nikaliacha bichi, nikabandika sufuria kubwa mpaka maji yakachemka, nikatia rangi na chumvi kama mlivyosema halafu nikasimama pale nakoroga saa nzima mpaka mkono ukafa ganzi (sufuria hiyo kwa chakula ndo basi tena, na mwiko wake). Likiwa kwenye maji gauni lilipendeza jamani, nikaanza hata kuwaza viatu. Ngoja nije kusuuza sasa! Beseni la kwanza jekundu, la pili, la tano bado, rangi yote inaondoka naiona kwa macho yangu, mwisho nikabaki na pinki fulani iliyopauka na mishono yote bado krimu vile vile, yani kila alipopita fundi na cherehani unapaona.

Ndo nikaangalia lebo ya gauni, polista asilimia 65, pamba 35. Nikamuuliza mtu anayezijua hizi kazi akacheka, akasema polista haishiki rangi za aina hii, ina rangi zake na inataka moto mkali zaidi, kilichoshika pale ni pamba peke yake, na uzi wa kushonea mara nyingi ni polista ndo maana mishono imegoma. Sasa yule kijana wenu alinishauri niongeze paketi ya tatu. Ya nini? Ningetia hata kumi ingeishia kwenye beseni.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba mlikuwa mnajua. Ile karatasi ya ndani, kule chini kabisa, kwa vijiherufi vya sisimizi, mmeandika matokeo yanaweza kutofautiana kwa vitambaa vya sintetiki. Nani anaifungua hiyo kabla hajalipa?

Gauni siwadai, lebo yake ningeisoma mapema. Nataka hela yangu ya paketi mbili, na huo mstari wa sisimizi muutoe ndani muuweke mbele, hapo hapo penye NGUO ZOTE, na mseme wazi polista haishiki.

Picha nimeambatanisha, ya kabla na ya baada. Hiyo ya baada msidhani ni kamera ya simu, ndo rangi yenyewe. Nasubiri jibu, ila lisiwe la kukoroga.

Mteja wenu (kwa sasa)