Mwanangu, lile swali lako la Bolivia na jeshi la majini

Rehema mwanangu,

Salamu zako nimezipata kwa simu ya matroni, marahaba mama. Huku Temeke tuko wazima, bibi yako magoti yanamsumbua kidogo ila anakusalimia sana na anauliza utakuja lini. Sasa nije kwenye lile swali uliloniuliza likizo, siku tumekaa barazani na atlasi yako, ukasema baba mbona Bolivia ina jeshi la majini na bahari haina? Siku ile nilikujibu juujuu maana kazini walikuwa wananipigia simu, na usiku wake roho iliniuma, swali zuri vile halikustahili jibu la mtu aliyesimama mlangoni. Nimekaa nikasoma na kusoma, na wewe sasa kaa usome taratibu.

Fungua tena ule ukurasa wa Amerika Kusini. Nchi huru ziko 12, na zisizogusa bahari ni 2 tu, Bolivia na Paraguay. Sasa peleka kidole pwani ya Pasifiki, kaskazini mwa Chile, utaona mji unaitwa Antofagasta. Hapo palikuwa Bolivia. Bolivia ilipopata uhuru tarehe 6 Agosti 1825, ikachukua jina la Simón Bolívar, aliyeongoza vita vya kuwaondoa Wahispania, ilikuwa na pwani yake kama kilomita 400 hivi.

Ila hiyo pwani yenyewe ni jangwa, na hapo ndipo jiografia inapoanza kuandika historia. Jangwa la Atacama ni kavu kuliko jangwa lolote duniani ukiacha huko kwenye mabarafu ya ncha za dunia, kuna sehemu mvua haijulikani kabisa, na sababu ni mbili. Pepo zenye mvua zinatoka mashariki, upande wa Amazon, zikifika milima ya Andes zinamwaga maji yote upande ule, huku zinavuka zikiwa kavu. Halafu baharini kuna mkondo wa maji baridi unaoitwa Humboldt, unapoza hewa ya chini mpaka haiwezi kupanda juu ikawa mawingu ya mvua. Kwa hiyo umebanwa pande zote. Na kwa kuwa mvua hainyeshi, vitu ambavyo kwingine vingesombwa na maji pale vilibaki miaka na miaka, chumvi ya naitreti imelala ardhini na kinyesi cha ndege wa baharini kimejaa kama vilima. Karne ya 19 Ulaya walivitaka sana hivyo vitu, kwa mbolea, na naitreti kwa baruti pia. Yani jangwa ambalo halikuwa na hata nyasi likawa mali.

Sasa Wabolivia wenyewe walikuwa wanakaa wapi? Juu huko milimani. La Paz, mji ulipo makao ya serikali yao, uko kama mita 3,600 toka usawa wa bahari, na uwanja wake wa ndege uko El Alto, umepita mita 4,000. Wewe uliyepanda Kilimanjaro na shule mkalala Horombo, pale ni mita 3,720, kumbuka kichwa kilivyokuuma, basi wenzako wanazaliwa na kucheza mpira kwenye urefu wa namna hiyo. Toka huko mpaka pwani yao ilikuwa safari ya nyumbu siku nyingi kuvuka milima na jangwa, kwa hiyo wengi walitumia bandari ya Arica iliyokuwa ya Peru, na kule Antofagasta waliojaa kuchimba na kufanya kazi walikuwa Wachile. Mimi mwanangu hapo naona ndipo walipoanza kuipoteza, hata kabla ya bunduki.

Mwaka 1874 Bolivia na Chile walikubaliana kwamba makampuni ya Chile hayataongezewa kodi miaka 25. Mwaka 1878 bunge la Bolivia likaweka kodi ya senti 10 kwa kila kwintali ya naitreti, kwintali ni kipimo cha uzito. Senti 10! Kampuni ya Chile iliyokuwa inachimba ikagoma, serikali ya Rais Hilarión Daza ikasema basi mali itakamatwa na kupigwa mnada, na siku hiyohiyo ya mnada, tarehe 14 Februari 1879, wanajeshi wa Chile wakashuka Antofagasta. Peru nayo ilikuwa na mkataba wa siri na Bolivia tangu 1873, ikaingizwa humo humo, na ndiyo iliyoumia vibaya zaidi, maana Januari 1881 majeshi ya Chile yaliingia Lima kabisa, mji mkuu wa Peru.

Tarehe 23 Machi 1879 pale Calama, mji wa ndani jangwani, kwenye daraja la Topáter, Wabolivia kama 135, wengi wao raia tu, walisimama mbele ya jeshi lililowazidi mara kadhaa. Mmoja wao Eduardo Abaroa aliambiwa ajisalimishe, akakataa kwa maneno makali sana, wakamuua palepale. Sanamu yake iko La Paz, kanyoosha mkono kuelekea bahari. Na kila tarehe 23 Machi wanafanya Siku ya Bahari, watoto wa shule wanaandamana barabarani kwa ajili ya bahari ambayo wengi wao hawajawahi kuiona. Hiyo picha ya watoto ilinikaa moyoni wiki nzima.

Mkataba wa mwisho walisaini 1904. Pwani ikabaki Chile moja kwa moja, Bolivia ikapewa haki ya kupitisha mizigo bandarini, na Chile ikajenga reli toka Arica mpaka La Paz, ikamalizika 1913. Naitreti yenyewe haikudumu, Wajerumani waligundua namna ya kutengeneza mbolea kiwandani kwa kutumia hewa na soko likaanguka. Lakini jirani na Calama kuna Chuquicamata, mgodi wa shaba wa shimo la wazi, kati ya mikubwa kabisa duniani, na huo hauko Bolivia tena.

Mimi hili linanigusa kwa sababu ya kazi yangu. Miaka 22 natoa mizigo ya transiti, ya Rwanda na Burundi, nimeona wenye mali wanavyohesabu siku, kontena limekaa, storeji inapanda, mwenye mzigo yuko kilomita elfu na zaidi hawezi hata kuja kugonga meza. Basi mfikirie mfanyabiashara wa La Paz, lori lake linashuka mpaka Arica kisha lipande tena kupita mita 4,500, na njia nzima anajua kwamba babu wa babu yake alikuwa na bandari yake.

Ndiyo maana wana jeshi la majini. Walilianzisha rasmi 1963, mabaharia wao wanafanya mazoezi Ziwa Titicaca, mita 3,812 juu, kambi iko Tiquina, na wengine wanalinda mito inayoteremka Amazon. Mwaka 2013 walikwenda mahakama ya kimataifa kule Hague, wakiomba Chile ilazimishwe kukaa nao mezani kuzungumzia njia ya kufika baharini, na tarehe 1 Oktoba 2018 majaji 12 kwa 3 wakasema Chile hailazimiki. Watu La Paz walifuatilia kwenye maskrini makubwa barabarani. Kwa sheria naelewa, walisaini wenyewe 1904, na kodi ile ya 1878 ilivunja makubaliano, hilo siwezi kulificha. Lakini kuchukuliwa pwani yote bila kubakiziwa hata upana wa barabara moja, hapo mimi nasema waliadhibiwa kupita kosa.

Mwambie mwalimu wako wa jiografia namshukuru, maana swali umelipata kwake. Nimempa kondakta wa basi sabuni, daftari 4 na karatasi kubwa nyeupe, usiichore kwanza. Siku ya wazazi nakuja na kalamu za rangi, tutachora ramani ya mwaka 1878, Bolivia na bahari yake.

Baba yako.