Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka: Mwaka Wetu wa Makauboi

Ndugu Makamu Mwenyekiti, Ndugu Katibu, Ndugu Mhazini, wazee wetu mliokianzisha chama hiki cha sinema na ndugu wanachama wote: habari za tangu mkutano uliopita, na karibuni Arusha ninyi mliosafiri.

Mambo ya fedha namwachia Mhazini, maana mimi na hesabu hatujawahi kuelewana. Niseme mawili tu. Projekta imetengenezwa, lakini bado inachemka ikishafika saa ya pili. Ndiyo sababu tunakatiza filamu ndefu katikati, si kwa ajili ya chai kama wengine mnavyodhani. Na ukumbi wetu wa zamani ulipandishiwa kodi ghafla, tukahamia hapa, kwenye viti vya plastiki lakini kwa mwenye nyumba muungwana.

Sasa kazi yenyewe. Mtakumbuka kwamba mwaka jana mlipitisha, baada ya mabishano ya kutoana jasho, kwamba mwaka huu wote tuangalie sinema za kikauboi na kuuliza zimewajengea Wamarekani picha gani ya taifa lao. Waliopinga walisema ni aibu kuhangaika na farasi wa Marekani wakati filamu za kwetu zinakosa watazamaji. Hoja yao ilikuwa na uzito. Iliyoshinda ni ile ya kwamba sisi wenyewe tumelelewa na makauboi: wazee waliwaona kwenye majumba ya sinema, wadogo zao kwenye mabanda umiza, mtafsiri akipaza sauti juu ya milio ya risasi. Kila mtoto wa mtaani anaijua kanuni ya kwanza: steringi hafi. Tulitaka kujua kanuni hiyo ilitoka wapi na inamlinda nani.

Tulianzia Chicago mwaka 1893, kwenye maonyesho makubwa ya dunia. Mwezi Julai mwanahistoria kijana wa miaka 31, Frederick Jackson Turner, aliwasomea wenzake makala ambayo ilikuja kufundishwa kwa vizazi. Sensa ya 1890 ilikuwa imesema kwamba ule ukingo wa makazi ya walowezi, uliokuwa ukisogea kuelekea magharibi tangu enzi za ukoloni, hauonekani tena kwenye ramani. Turner akasema ukingo huo ndio uliomzaa Mmarekani. Pale, kwenye ardhi ya bure, mtu aliyetoka Ulaya alivuliwa ukale wake, akajifunza kujitegemea, na demokrasia ikapata nguvu. Ardhi ya bure! Waliokuwa wakiishi juu yake wamo kwenye makala hiyo, lakini wamo kama vile mito na milima ilivyomo, vitu vya kuvukwa.

Kiangazi hichohicho, nje tu ya uzio wa maonyesho, William Cody, maarufu kama Buffalo Bill, alikuwa anauza tiketi za onyesho lake la farasi na bunduki. Wakati Turner anatangaza kwamba ukingo umefungwa, Cody alikuwa ameshaugeuza biashara. Sitting Bull, kiongozi wa Walakota, moja ya mataifa ya wenyeji wa asili, aliwahi kuzunguka na onyesho hilo mwaka 1885. Desemba 1890 aliuawa na polisi waliokwenda kumkamata, na wiki mbili baadaye jeshi liliua mamia ya Walakota, wanawake na watoto wakiwemo, mahali paitwapo Wounded Knee. Kisha Septemba 1894 Walakota wa kundi la Cody waliingizwa kwenye studio ya Thomas Edison huko New Jersey, wakacheza ngoma mbele ya kamera. Ilikuwa haijatimia hata miaka minne tangu mauaji yale. Nilipolisema hili kwenye mjadala, kuna mzee alinyanyuka akatoka nje kuvuta sigara, na simlaumu. Wengi wetu tulidhani kauboi wa sinema ni kumbukumbu ya mambo ya kale. Kumbe sinema ilifika wakati makaburi bado mabichi. Hata ile filamu maarufu ya wizi wa treni ya mwaka 1903, ambayo watu huitaja kama mama wa aina hii, sehemu kubwa ilipigwa hukohuko New Jersey, mashariki kabisa.

Filamu iliyotuchukulia muda mrefu zaidi ni Stagecoach ya mwongozaji John Ford, ya mwaka 1939, na hapo ndipo mjadala wa mwaka mzima ulipopata mhimili wake. Fikirini tulivyoketi. Kamera imepanda gari la farasi pamoja na abiria. Tunamjua daktari mlevi, tunamjua mwanamke aliyefukuzwa mjini kwa sababu ya kazi yake, tunamjua mke wa ofisa wa jeshi aliye mjamzito. Waapache, nao wenyeji wa asili, wanatokea juu ya kilima, hatumjui hata mmoja, wanafukuza gari, wanaanguka mmoja mmoja kama maembe, mpaka tarumbeta ya jeshi inalia na ukumbi unashusha pumzi. Ndugu mmoja, dereva wa watalii, akauliza swali ambalo limebaki kwenye daftari la Katibu: "Hawa wanaoshambulia, wapo kwao au wamekuja?"

Swali hilo lilitutosha. Mandhari ile ya majabali mekundu ni Monument Valley, ndani ya ardhi ya Wanavajo, taifa jingine la wenyeji wa asili, na Wanavajo wenyewe ndio walioajiriwa kuigiza Waapache. Watu wapo nyumbani kwao, wanalipwa kuwa adui aliyetokea porini. Kwa maoni yangu nguvu ya hadithi ya ukingo haiko kwenye uongo wa tarehe au matukio, huo hurekebishika. Nguvu yake iko mahali kamera iliposimama. Ukimweka mtazamaji ndani ya gari, hata awe Mlakota, hata awe mtoto wa Ngaramtoni, ataomba tarumbeta ilie.

Ford mwenyewe nadhani aliliona hilo baadaye. The Searchers ya 1956, kwangu, ndiyo filamu bora kuliko zote tulizoonyesha, na najua Makamu hakubaliani nami. Mwigizaji John Wayne ni Ethan, askari wa upande ulioshindwa vita vya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe, anayemtafuta kwa miaka mpwa wake aliyetekwa na Wakomanchi, nao wenyeji wa asili. Kuna mahali wanafukua kaburi la Mkomanchi, na Ethan anamfyatulia maiti risasi za macho, kwa sababu anajua imani yao: asiye na macho hataingia nchi ya roho, atatangatanga na upepo. Mahali pengine anaua nyati ovyo ili Wakomanchi wakose nyama msimu wa baridi. Tunagundua polepole kwamba anamtafuta binti ili amuue, kwa kuwa amekuwa mmoja wao. Mwishoni anambeba mikononi na kumrudisha nyumbani, familia inaingia ndani, mlango unafungwa, yeye anabaki nje. Steringi hafi, kweli, lakini nyumba haina nafasi yake. Mwaka 1956 Wamarekani waliingia kuona kauboi wao na wakaonyeshwa chuki yake, ingawa wengi, nadhani, walitoka wakikumbuka majabali.

Sitaki mdhani hadithi hii ni moja tu. Wamarekani wameitumia kugombana wao kwa wao. High Noon ya 1952 ina mkuu wa polisi anayeachwa peke yake na mji mzima. Mwandishi wake, Carl Foreman, aliitwa mbele ya kamati ya Bunge iliyokuwa ikiwasaka wakomunisti wakati filamu inatengenezwa, na akaishia kuhamia Uingereza. Mwongozaji Howard Hawks na Wayne walikerwa na filamu ile, wakaijibu mwaka 1959 kwa Rio Bravo, ambayo mkuu wake wa polisi hata hataki msaada wa raia. Kofia ni zilezile na farasi ni walewale, ila siasa ni mbili.

Na siasa zenyewe zilivaa kofia hizo. Julai 1960 John Kennedy alipokubali kugombea urais, akiwa Los Angeles, alisema amesimama akitazama magharibi kwenye ukingo wa mwisho wa zamani, na akaupa mpango wake jina la ukingo mpya. Askari wa Marekani huko Vietnam waliyaita maeneo ya adui nchi ya Wahindi, jina la kizamani la wenyeji wa asili wa Marekani. Septemba 2001 Rais Bush alikumbushia mabango ya zamani ya Magharibi ya kumtaka mtu akiwa hai au maiti. Mei 2011, katika operesheni ya kumuua Osama bin Laden, jina la siri lililotumika lilikuwa Geronimo, la kiongozi wa Waapache, na viongozi wa wenyeji wa asili wakalalamika. Yaani miaka zaidi ya 120 tangu Geronimo ajisalimishe, bado anafukuza gari.

Kuhusu Weusi nitapita haraka, kwa kuwa mada ile ilichapwa na mmepewa nakala. Wanahistoria wengi hukadiria kwamba karibu kauboi mmoja kati ya wanne alikuwa Mweusi. Bass Reeves, aliyezaliwa utumwani, alikuwa miongoni mwa maofisa wa sheria waliosifika zaidi kwenye maeneo yale. Oscar Micheaux alilima ardhi South Dakota na mwaka 1919 akatengeneza filamu kutokana na maisha hayo. Hollywood kwa sehemu kubwa iliwasahau mpaka mwigizaji Mweusi Sidney Poitier alipoongoza Buck and the Preacher mwaka 1972. Kusahau huko hakukuwa bahati mbaya.

Usiku uliojaza ukumbi hadi watu wakasimama ulikuwa wa Hatari! Filamu ile ilipigwa hapahapa kwetu, Momella na viunga vyake, mwishoni mwa 1960 na mwanzoni mwa 1961, miezi michache kabla ya Uhuru. Mwongozaji ni Hawks yuleyule, na steringi ni Wayne yuleyule. Ameketi kwenye kiti kilichofungwa mbele ya lori, ameshika mti wenye kitanzi, wanafukuza kifaru nyikani. Ondoeni lori, wekeni farasi, mpo Texas. Kuna mhusika mmoja wenzake wanamwita Mhindi, na anamaanishwa mwenyeji wa asili wa Marekani. Mgeni mwanamke anavishwa na wenyeji jina la Mama Tembo, kama vile askari wa Dances with Wolves, miaka karibu 30 baadaye, anavyopewa jina na Walakota. Mgeni akipewa jina, nchi imempokea, na hakuna tena haja ya kuuliza nani alimpa kiwanja.

Watu walicheka sana usiku ule, walishangilia kila walipotambua barabara au umbo la Meru. Nami nilishangilia. Kisha taa zikawashwa, na yule ndugu dereva akauliza tena: ni nani ndani ya filamu hii kati ya watu wa hapa ana mambo yake mwenyewe ya kufanya? Tukatafuta. Kuna wanaobeba, kuna wanaocheza ngoma, kuna wanaoangalia. Miezi ileile Mwalimu Nyerere na wenzake walikuwa wanajadili katiba ya nchi mpya. Kamera ilikuwa kwenye lori.

Wala hilo halikuanza na Hawks. Theodore Roosevelt, aliyefuga ng'ombe Dakota ujanani na akaandika vitabu vya kuusifu ukingo, alishuka Mombasa Aprili 1909, mara tu baada ya kutoka madarakani, akaenda kuwinda kwenye nyanda za Kenya, na aliwaona walowezi wa pale kama ndugu wa watu wake wa Magharibi. Upande wa pili, vijana wa Léopoldville, Kinshasa ya leo, miaka ya 1950 walijiita Bill, wakavaa kikauboi, wakaunda lugha yao ya mtaani na kuitawala mitaa yao chini ya pua za Wabelgiji. Walimchukua kauboi bila kuchukua nafasi waliyopangiwa kwenye hadithi yake. Mimi nawavulia kofia.

Tulimalizia kwa wenyeji wa asili wenyewe kushika kamera. Katika Smoke Signals ya 1998, iliyoandikwa na kuongozwa na wenyeji wa asili, vijana wawili ndani ya basi wanaimba wimbo wa kuyadhihaki meno ya John Wayne. Baada ya miezi ya kumtazama Wayne, ukumbi ulipasuka. Killers of the Flower Moon ya 2023, ambayo iliongozwa na Martin Scorsese, asiye mwenyeji wa asili, juu ya Waosage, wenyeji wa asili waliouawa kwa ajili ya mafuta yao, ilitugawa. Ni filamu kubwa na ya haki, lakini hata mshauri wa lugha ya Kiosage aliyeifanyia kazi alisema hadharani angependa isimuliwe kwa macho ya Mollie, mwanamke wa Kiosage, si ya mume wake. Naungana naye.

Kwa mwaka ujao kamati inapendekeza tuendelee na swali hilohilo, safari hii kwa filamu zilizopigwa Kenya, Tanganyika na Uganda na watu wa nje, kuanzia Mogambo ya 1953, ambayo nayo ni ya John Ford, na kila moja tuiambatanishe na filamu ya mtengenezaji wa hapa. Waliopinga mwaka jana wataona nusu ya hoja yao imeingia. Kamati inapendekeza pia ada ibaki kama ilivyo, na ikibidi tuchangishane kwa ajili ya taa mpya ya projekta. Ndugu wanachama, naomba kutoa hoja.